Chungu cha mathe kimepasuka kwa gesi, nyinyi huvianza aje ndio vidumu?

NyarAlego_Umoja

Habari zenu wapishi. Naandika nikiwa bado nafuta maziwa chini ya jiko.

Mathe alinitumia vyungu viwili kutoka Alego, Siaya, kimoja kikubwa cha mboga na kingine kidogo, vimekuja na bas ya usiku vimefungwa na leso mbili na nyasi kavu katikati, vikafika Nairobi bila hata mkwaruzo. Alivinunua kwa mama mmoja anayefinyanga hapo kwao, yule yule aliyekuwa anamfinyangia nyanya yangu. Hii siku nimeingoja sana juu hapa Umoja napika dek, ile mboga yetu ya majani, kwa sufuria na haijawahi kuwa ile dek ya nyumbani, ile inakaa kwa agulu, yaani chungu, siku mbili tatu, unaongeza maziwa kidogo kidogo, unapasha tena, mpaka ule ukali wote unatoka na mboga inakuwa laini inateleza yenyewe kooni.

Basi jana jioni nikaosha kile kikubwa na maji mengi, nikakiweka kwa gesi, moto ule wa kawaida tu wa kupikia ugali, nikamwaga mboga na maziwa yametoka kwa friji saa hiyo hiyo. Dakika kama kumi hivi nikasikia taa! kama mtu amevunja kijiti kikavu. Kuangalia, ufa umetoka chini umepanda ubavuni mpaka shingoni, maziwa yote yanaingia kwa jiko. Nililia, sidanganyi. Mathe sijamwambia bado.

Sasa naomba mnisaidie. Nilikosea wapi? Na hiki kidogo nikifanye nini kabla hakijaona moto, kwa sababu nikikigeuza kwa mwanga naona kaufa kembamba kama unywele karibu na mdomo, sijui kama bado kinafaa. Halafu kuna mwenzangu kazini ananiambia Wamoroko na Wajapani wanapikia vyungu kila siku, wengine hata kwa gesi, na havipasuki. Wao wana udongo gani, ama wanajua nini ambacho mimi sijui?

---

BintShela

Pole sana mwanangu, najua uchungu wake, na la mama mwambie tu, hatakukasirikia, hata yeye alivunja vyake alipokuwa mwari.

Makosa yako ni kuwa ulikipa chungu kigeni mambo matatu kwa mara moja: maji mwilini, moto mkali chini na baridi ya friji ndani. Hata mtu angeugua.

Kwetu Shela, Lamu, nyanya yangu akinunua chungu alikuwa akikitia majini usiku kucha. Asubuhi akikitoa hakipeleki jikoni, anakiweka kivulini siku nzima, pengine mbili, hata ukikigusa chini huoni unyevu. Halafu akikipaka mafuta ya nazi ndani na nje kwa kitambaa, anakitia maji ya mchele, yale mazito ya kuosha mara ya kwanza, na konzi ya mchele ndani yake, anakiweka juu ya makaa matatu manne tu. Makaa matatu, nasema kweli, tulikuwa tukihesabu. Uji ule ukichemka anaongeza makaa mengine mawili, ukianza kuganda anauacha upoe papo hapo jikoni mpaka alasiri bila mtu kukigusa chungu. Uji huo hauliwi, una ladha ya udongo, walikuwa wakipewa kuku. Kesho yake anarudia tena. Siku ya tatu ndiyo anapikia wali.

Na wali wenyewe, kwa mliozoea sufuria, ukishakauka maji yale makaa ya chini anayapunguza na mengine anayapalia juu ya kifuniko. Moto unatoka juu na chini, wali unaiva punje punje na tui limeingia ndani ya kila punje. Mimi niko South C miaka kumi na tisa sasa na hapa rosheni napalia makaa vivyo hivyo, majirani walishazoea.

Jambo moja zaidi usilisahau. Kila chungu na chakula chake. Udongo una kumbukumbu. Chungu cha papa usikipikie maziwa, na hicho chako cha mboga ukianza nacho mboga basi kibaki cha mboga.

---

udongo_na_moto

Bi mkubwa hapo juu amesema yote, mimi nitaeleza tu ni kwa nini, juu nafinyanga miaka kumi na mbili sasa na hii hadithi yako naisikia karibu kila wiki.

Chungu cha kuchomwa kwa nyasi na kuni hapo nje uwanjani kinafika kama digrii 600 hadi 900 hivi. Hapo udongo umeshakuwa jiwe lakini haujayeyuka ukafungana kama kikombe chako cha chai, kwa hivyo umejaa matundu madogo sana huwezi kuyaona. Hayo matundu ndio uzuri wake na ndio hatari yake. Uzuri, kwa sababu ufa ukianza unakutana na tundu unaishia hapo, na pia mfinyanzi huchanganya udongo na mchanga ama vigae vya zamani vilivyosagwa, kazi yake ni hiyo hiyo, kuzuia ufa usikimbie. Hatari, kwa sababu hayo matundu yanakunywa maji. Ulikiosha na maji mengi, chungu kikashiba, ukawasha gesi. Maji yakigeuka mvuke yanataka nafasi zaidi ya mara 1,600 ya ile yalikuwa nayo. Yatapata wapi? Yanasukuma.

Na gesi yenyewe, moto wake unatoka kwa kile kiduara, unagonga mahali pamoja. Pale kwa kiduara udongo umepanuka, sentimita tano kutoka hapo bado ni baridi, halafu ndani umemwagia maziwa ya friji. Udongo haupitishi joto haraka kama aluminiamu ya sufuria, kwa hivyo sehemu moja inavuta na nyingine inakataa. Ndio hiyo taa! ulisikia. Angalia pia umbo la chungu cha ushago, chini ni mviringo, hakina kona. Hiyo si urembo, kona ndio mahali nguvu zinajikusanya na ndio huanza kupasuka. Kiliumbwa kikae kwa mafiga matatu moto ukizunguka tumbo lote, si kikae kwa kiduara cha gesi.

Kama lazima gesi, weka bati nzito ya chuma katikati ya moto na chungu, anza na moto wa chini kabisa dakika kumi na tano, na kitu kiwe ndani tayari, si kikavu, na kisiwe cha baridi. Lakini kwa roho safi nakwambia tafuta jiko la mkaa. Lile la kawaida la bati lenye udongo ndani. Watu hawafikirii lakini ile ya ndani nayo ni chungu, kazi ya mfinyanzi, lilianza kutengenezwa hapa Kenya mwanzoni mwa miaka ya 1980 na wazo lenyewe lilitoka kwa majiko ya ndoo ya Thailand. Kwa hivyo Nairobi nzima inapikia udongo kila jioni, ni vile tu chakula kiko juu kwa sufuria.

Halafu dada, kama mathe ni wa Alego basi jua unatoka kwa watu wa kazi hii. Urewe iko hapo hapo Siaya, na ndipo vilitoka vile vigae vyenye kishimo kidogo kitakoni ambavyo wataalamu waliviandikia mwaka wa 1948, na sasa vyungu vya aina hiyo vikichimbuliwa popote kuzunguka Ziwa Viktoria, Uganda, Rwanda, Burundi, vinaitwa Urewe. Zaidi ya miaka elfu mbili hiyo.

---

Kevo_Mpishi

Hii mada imenigusa. Mimi nilikuwa mpishi Doha miaka sita, jikoni tulikuwa watu wa nchi kumi na moja, na kwa hosteli siku ya mapumziko kila mtu alikuwa anapika cha kwao. Hapo ndio niliona vyungu.

Jamaa wa Kerala, India, alikuwa na chungu chake cheusi cha samaki, wanaita chatti, alikuja nacho kwa ndege mapajani. Alikuwa analia na wageni wanaokiosha na sabuni. Unajua hayo matundu mfinyanzi ameeleza? Ukitia sabuni inaingia humo na kesho inatoka kwa mchuzi. Yeye alikisugua na maji moto na nazi iliyokunwa, ile chicha, basi. Na kabla kianze kazi, alinieleza, mama yake alikitia maji ya wali, yale wanaita kanji, akayachemsha moto wa chini siku tatu mfululizo. Nikamwambia kaka, hata kwetu wanapikia uji kwanza. Akashangaa, nikashangaa. Mchuzi wenyewe ni wa samaki na kudampuli, tunda fulani kali lililokaushwa kwa moshi, linafanya kazi ya ukwaju, na hawali siku hiyo. Unakaa usiku kucha kwa chungu bila friji, kesho ndio mtamu. Nilionja siku ya kwanza na siku ya pili, chungu kile kile, nikaapa ni mapishi mawili tofauti.

Mmoroko alikuwa wa Marrakesh, na yeye tajine hata hakuijali sana, alisema hiyo inajulikana kila mahali. (Kwa wasiojua, ni sahani ya udongo na kifuniko kirefu kama kofia ya mchawi, mvuke unapanda juu, unapoa, unateremka tena kwa nyama, ndio maana unaweka maji kidogo sana. Na kwa desturi yao inakaa kwa jiko la mkaa la udongo.) Yeye mapenzi yake ilikuwa tanjia. Hiyo ni kama mtungi, ina mikono miwili. Unatia nyama yenye mifupa, vitunguu saumu, bizari nyembamba, zafarani, ndimu iliyokaa kwa chumvi, samli ya kale, unafunga mdomo na karatasi na kamba, halafu hupiki! Unaipeleka kwa bafu ya mtaa, hamamu, chini kuna tanuri ya kuchemsha maji na mtu wa kuitunza, anakuzikia mtungi wako kwa majivu moto. Unaenda kazini. Jioni unaichukua unamlipa. Ni mapishi ya wanaume, mafundi na vibarua. Nilifikiria vile soko la Gikomba hapa Nairobi kuna majiko yanawaka kutwa nzima na majivu yanamwagwa tu.

Na wa Ivory Coast, huyo alinifunza kedjenou, hii nimeshaipika hapa Kasarani mara nyingi. Kuku wa kienyeji, nyanya, kitunguu, pilipili, biringanya, thyme, yote kwa chungu wanachoita kanari, bila tone la maji. Unafunga na jani la ndizi likazane, unaweka kwa makaa. Hufungui na hukorogi. Kila baada ya dakika chache unashika chungu na vitambaa unakitikisa, na hilo jina lenyewe kwa Kibaule ni habari ya kutikisa. Kuku anatoa maji yake mwenyewe anaiva ndani yake. Ukikata lile jani harufu inajaa ngazi zote za ploti mpaka chini.

Sasa dada, umeuliza wanajua nini ambacho wewe hujui. Jibu langu ni hili: wanajua kile mama yako anajua. Nimeuliza watu wa kila aina na kila mmoja ananiambia chungu kinalishwa kwanza. Huyu uji, huyu kanji, huyu mafuta. Hakuna aliyenunua chungu leo akapika leo.

---

Mkisii_wa_Chinsaga

Nashukuru kwa hii ya kutikisa. Kwetu chinsaga pia hupikwa kwa chungu siku tatu, na hiyo dek yako ni chinsaga yetu kwa hivyo sisi ni majirani wa sufuria moja, ama niseme chungu kimoja. Nyanya alikuwa anakipaka maziwa ya mgando ndani, anakiacha juu ya dari ya jiko kipate moshi wiki nzima.

---

BabaWawili

Mimi nitasema tofauti kidogo na naomba msinichukie. Nina watoto wawili, mimi na mke wangu tunarudi nyumbani saa mbili usiku, mkaa debe unajua bei, na mnaniambia nihesabu makaa matatu na nitikise kuku. Sufuria inapika maharagwe kwa presha nusu saa. Chungu kizuri ni cha maji, hapo sibishani, maji ya mtungi yanapoa yenyewe bila stima na yana ile harufu ya mvua ya kwanza, wangu uko kwa korido tangu tuoane. Lakini kupikia?

Na kuna jambo la afya. Mwaka juzi tulinunua chungu kizuri sana duka moja hapa mjini, chekundu, kinang'aa ndani kama kioo, tukapikia mchuzi wa nyanya na ukwaju. Baadaye nikasoma kwamba hiyo rangi ya kung'aa inaweza kuwa na madini ya risasi. Nilikitoa jikoni siku hiyo hiyo. Mwenye duka nilipomuuliza imepakwa nini hakuwa na jibu. Sasa nyinyi mnaofinyanga tuambieni ukweli.

---

udongo_na_moto

BabaWawili ulifanya vizuri kabisa kukitoa, na hakuna mtu wa kukuchukia kwa kulinda watoto.

Chungu cha ushago ambacho hakijapakwa kitu, chenye rangi ya udongo mwenyewe ama cheusi kwa moshi, hakina hiyo shida ya glezi, yaani ile rangi ya kung'aa kama kioo. Shida ni ile rangi inayong'aa iliyochomwa kwa moto mdogo. Ili kioo kiyeyuke kwa moto mdogo unahitaji kitu cha kukisaidia kuyeyuka, na risasi ndiyo rahisi na nzuri kwa macho. Meksiko ndio wameumia na hii miaka mingi, vyungu vyao vya maharagwe vinapakwa kitu wanaita greta, ni oksidi ya risasi, na ukipika kitu chenye asidi, nyanya, ndimu, ukwaju, siki, inatoka inaingia kwa chakula. Watoto ndio wanaumia zaidi, inagusa ubongo. Kuna wafinyanzi huko sasa wanatumia glezi isiyo na risasi. Kwa hivyo sheria yangu ni rahisi: ikiwa kinang'aa ndani na muuzaji hawezi kukuambia kimepakwa nini na kilichomwa kwa moto gani, kiweke maua.

Kuna njia ya kuziba matundu bila glezi, na hii naipenda sana. Brazil, mji wa Vitória, kuna mtaa unaitwa Goiabeiras, kina mama wa hapo wanafinyanga vyungu vyeusi kwa mkono bila gurudumu, wanachoma hapo nje kama sisi. Kikitoka motoni kikiwa bado chekundu kwa joto, wanakipiga na ufagio uliochovywa kwa maji ya magome ya mikoko, tssss! kinageuka cheusi hapo hapo na matundu yanafungwa. Mwaka wa 2002 serikali yao iliandikisha kazi ya hao mama kuwa urithi wa taifa, na ndiyo ilikuwa ya kwanza kabisa kuandikwa kwa daftari lao la urithi. Nikisoma mikoko nafikiria Lamu. Bi mkubwa wa Shela, magome ya mikoko huko si bado yapo?

---

BintShela

Yapo mwanangu, marehemu babu akiyatumia kupaka nyavu na matanga zisioze. Kwa vyungu sikupata kuona. Lakini hao wa Brazil wanapika nini humo, samaki?

---

udongo_na_moto

Samaki ndiyo. Wanaita moqueca, samaki na nyanya, kitunguu, dhania, na mbegu nyekundu za urucum kwa rangi. Bahia wanatia tui la nazi na mawese, hawa wa Vitória hawatii, na wanabishana juu ya hilo vile Mombasa na Lamu mnabishania pilau. Chungu kinafika mezani bado kinachemka. Hiyo ndiyo nguvu ya udongo, unakawia kupata joto na unakawia kuliachilia.

BabaWawili, hapo kwa muda nakupa jibu: usiku ukimaliza kupika na mkaa bado una moto umefunikwa majivu, weka chungu cha githeri ama maharagwe yaliyolowekwa, maji ya moto ndani, funika, nenda ulale. Asubuhi yameiva ama yamebaki kidogo sana. Hutumii mkaa mwingine, unatumia ule ungekufa bure. Ila jiko likae nje ama rosheni wazi, kamwe usilale nalo ndani ya nyumba, moshi usioonekana unaua.

---

Wanyungu_Kiambu

Nimeingia kwa sababu ya ule ufa kama unywele na hakuna aliyeujibu.

Nilisoma Japani miaka mitatu, mama mwenye nyumba nilipokuwa nakaa alikuwa na donabe, chungu cha kupikia wali na supu, cha kutoka Iga. Huo udongo wa Iga unatoka kwa sakafu ya ziwa la kale, Biwa, miaka kama milioni nne iliyopita, umejaa mabaki ya mimea na vijidudu. Wakichoma hayo mabaki yanaungua yanaacha matundu mengi, ndio maana chungu chao kinavumilia moto wa gesi wa moja kwa moja. Kwa hivyo mwenzako wa kazini hakukosea, ila huo ni udongo wa aina yake.

Lakini sikiliza sasa. Na huo udongo wote wa ajabu, huyo mama alipoleta donabe mpya nyumbani, kitu cha kwanza alichopika ilikuwa uji. Uji wa mchele! Alijaza maji, akatia wali uliopoa, moto mdogo kabisa, saa nzima, akazima, akaacha upoe mpaka ubaridi kabisa, kisha akamwaga. Nilikuwa nimesimama hapo mlangoni nikakumbuka cucu wangu, yaani nyanya, wa Githunguri na nyungu yake na uji wa wimbi, nikatokwa na machozi na yeye hakuelewa ni kwa nini, nikajaribu kumweleza na Kijapani changu kidogo. Alinishika mkono tu.

Wanga ukipikwa unavimba unakuwa kama gundi, unaingia kwa yale matundu na kwa zile nyufa ndogo, ukikauka unaziba. Na ndio maana nakuandikia: chungu chake kilipoanza kuvuja miaka baadaye, kaufa kembamba hivyo hivyo kama unywele, hakukitupa. Alikipikia uji tena. Kikaacha kuvuja. Kwa hivyo chako usikitupe. Kigonge polepole na kucha, kikilia kama kengele hicho kaufa ni cha juu tu, kikilia bubu kama ubao basi kimepasuka ndani na kiwe cha kuwekea chumvi ama vitunguu. Na kitako chake kikauke kabisa kila siku unapokiweka motoni, huyo mama alikuwa anakifuta mara mbili na anakigeuza juu chini kabla hajawasha.

---

mtaa_wa_buna

Kuongezea tu, mimi niko Eastleigh na jirani yangu ni Mhabeshi. Mitad yake mpya, ile sahani kubwa ya udongo ya kuchomea injera, mkate wao mwembamba, aliisugua na mbegu za gomenzer zilizosagwa, zina mafuta, akaipasha, akasugua tena, karibu siku nzima, mpaka ikawa nyeusi inateleza. Injera ya kwanza tatu zilishika zikachanika, ya nne ikatoka nzima akapiga kigelegele. Na jebena yake, birika la udongo la kahawa, huwa haiioshi ndani kwa sabuni hata kidogo. Ni kama vile mumesema, mafuta ama wanga, lakini lazima kilishwe.

---

NyarAlego_Umoja

Nimerudi, leo ni siku ya tisa. Nimesoma kila mstari, mingine mara tatu.

Nilikigonga kile kidogo na kucha. Kimelia. Nikakiloweka usiku, nikakianika kivulini siku mbili hapo kwa kamba za nguo, nikakigeuza juu chini, nikakipikia uji wa wimbi juu ya jiko la mkaa, na nilihesabu makaa, manne. Uji ulipoanza kutoa mapovu pembeni nilikuwa nimeshika pumzi. Sehemu ya kale kaufa iliingia jasho kidogo, tone moja, kisha tone likakauka na halikurudi. Nikarudia kesho yake. Halikuonekana tena.

Dek nimeianza Ijumaa. Maziwa niliyapasha kwanza mpaka yakawa vuguvugu. Jumamosi nimeongeza maziwa, Jumapili nimeongeza siagi ya ng'ombe niliyotumiwa na shemeji, na jana jioni nimekula na kuon, yaani ugali, ya mtama nikiwa nimekaa chini kwa mkeka kama nyumbani. Haikuwa kali. Nilipofunika chungu na kufunua tena asubuhi bado kilikuwa na joto la mkono. Kevo, Jumamosi ijayo natikisa kuku.

Na nilimpigia mathe nikamwambia. Alinyamaza kidogo, halafu akauliza kama vile vipande vya kile kikubwa nimevitupa. Nikamwambia bado viko kwa ndoo. Akasema nisitupe hata kimoja, nikienda Desemba nivibebe vyote, yule mama atavisaga avichanganye na udongo wa chungu kingine. Nimevifunga na ile leso vilikuja nayo.